URAFIKI WENYE DENI

(Maneno yaliyosemwa mbele ya wanachama wa tawi, siku ya masomo ya chama. Yamepigwa chapa kwa ombi la kamati.)



Niliombwa niseme juu ya jambo la dunia, wala si juu ya mishahara na zamu peke yake. Nimechagua habari za vita vya Vietnam. Lakini sitasema sana juu ya mizinga na mabomu. Nitasema juu ya marafiki wawili, Uingereza na Marekani, jinsi walivyovutana kwa ajili ya vita hivyo vya mbali, mmoja akiwa na deni kwa mwenziwe.

Sababu yake mnaijua. Mwaka jana, tulipokuwa katika shida, chama kingine kikubwa kuliko chetu kilitukopesha fedha. Tulizipokea kwa mikono miwili, na watoto wetu wakala. Sasa chama hicho kina ugomvi wake na waajiri, nacho kimetuandikia barua kutaka tutie jina letu katika tangazo lake, na kamati yetu haikuulizwa neno lo lote kabla. Jumapili ijayo tutapiga kura. Wengine mwasema, "Tutakataaje, nasi tumekula fedha zao?" Wengine mwasema, "Deni ni deni, na jina letu ni jina letu." Basi kabla ya kura, tusikilize yaliyowapata wengine.

Vietnam ilikuwa chini ya Wafaransa. Mwezi wa Mei 1954 Wafaransa walishindwa vitani mahali paitwapo Dien Bien Phu, na mkutano wa Geneva wa mwaka huo ukaigawa nchi sehemu mbili kwa muda, Kaskazini na Kusini. Wenyeviti wa mkutano ule walikuwa wawili, Uingereza na Urusi. Likumbukeni jambo hilo, maana tutalirudia. Marekani ikaiunga mkono serikali ya Kusini, kwanza kwa fedha na waalimu wa kijeshi, halafu kwa ndege, na mwisho kwa majeshi. Tarehe 8 Machi 1965 askari wake walishuka pwani ya Da Nang. Mwisho wa mwaka ule walikuwa wamefika 184,000 hivi, na mwisho wa 1967 walikuwa wamepita 480,000.

Sasa tutazame upande wa Uingereza. Mwezi wa Oktoba 1964 Bwana Harold Wilson alishika kiti cha Waziri Mkuu. Chama chake cha Labour kilianzishwa mwaka 1900 kwa nguvu za vyama vya wafanya kazi, basi wafanya kazi wengi wa kule walimwona kuwa mtu wao. Lakini alipofungua sanduku la fedha alikuta mambo si mazuri. Nchi ilikuwa ikitoa fedha nyingi ng'ambo kuliko ilizopata, na pengo la mwaka ule lilikuwa kama pauni milioni 800. Wakati ule pauni moja ilikuwa dola 2 na senti 80. Wenye fedha wa nchi nyingi wakaogopa kwamba pauni itashushwa thamani, wakaanza kuziuza pauni zao. Mwezi wa Novemba 1964 benki kuu za nchi kadhaa, Marekani ikiwa mbele, zikakusanya mkopo wa dola milioni 3,000 kuiokoa pauni.

Ndugu zangu, hapo ndipo deni lilipoanza. Wahenga walisema: kukopa harusi, kulipa matanga.

Majuma mawili tu baada ya mkopo ule, Desemba 1964, Wilson alikwenda Washington kuonana na Rais Lyndon Johnson. Rais alimwomba askari wa kwenda Vietnam. Hakutaka jeshi kubwa. Alitaka wachache tu, ili bendera ya Uingereza ionekane. Inasimuliwa ya kwamba katika miaka ile alisema hata kikosi kidogo cha wapiga zumari wa Kiskoti kingetosha. Kwa nini nchi yenye ndege na manowari nyingi namna ile ihitaji wapiga zumari? Kwa sababu haikukosa nguvu, ilikosa wenzi. Mtu akipigana peke yake watu huuliza: mbona rafiki zake hawapo?

Wilson alikataa. Alikuwa na sababu mbili za kusema hadharani. Ya kwanza, Uingereza ilikuwa mwenyekiti mmoja wa mkutano wa Geneva, na mwenyekiti akishika bunduki hawezi tena kupatanisha. Ya pili, Uingereza ilikuwa na makumi ya maelfu ya askari wakiilinda Malaysia katika ugomvi wake na Indonesia. Na sababu ya tatu, ambayo kila mtu aliijua, ni kwamba katika Bunge aliwapita wapinzani wake kwa viti vichache tu, na wengi wa chama chake hawakuvipenda vita vile.

Lakini angalieni namna alivyokataa. Askari hakutoa, ila kwa maneno aliendelea kuiunga mkono Marekani. Mkono ulisema hapana, na mdomo ukasema ndiyo. Alitumaini kwamba kwa njia hiyo atabaki rafiki wa kusikilizwa, na siku moja ataweza kumshika rafiki yake mkono na kumwambia, basi, imetosha.

Je, alisikilizwa? Mwezi wa Februari 1965, baada ya askari wa Kimarekani kushambuliwa huko Pleiku, Marekani ilipeleka ndege kupiga mabomu Kaskazini. Wilson alipiga simu Washington usiku wa manane, akataka kupanda ndege aende kuzungumza na Rais. Alikuwa na mfano mbele yake, maana Desemba 1950, wakati wa vita vya Korea, Waziri Mkuu Clement Attlee alipanda ndege kwenda kwa Rais Truman, kwa hofu ya kwamba bomu la atomiki litatumika, na alipokewa. Lakini Johnson alimjibu Wilson kwa ukali. Alimwambia hakuna faida ya kuvuka bahari mbio mbio. Akasema yeye hamfundishi Wilson namna ya kuendesha mambo ya Malaysia, basi na Wilson asimfundishe mambo ya Vietnam. Na kama anataka kusaidia, apeleke watu.

Hakuwa Wilson peke yake aliyejibiwa hivyo. Tarehe 2 Aprili 1965 Waziri Mkuu wa Kanada, Bwana Lester Pearson, mtu aliyepewa tuzo ya amani ya Nobel mwaka 1957, alisema katika hotuba mjini Philadelphia kwamba ingefaa Marekani isimamishe mabomu kwa muda ili kutafuta mazungumzo. Kesho yake alikaribishwa chakula na Rais huko Camp David. Baada ya chakula Johnson alimshika koti kifuani, akamfokea. Kosa lake lilikuwa nini? Alisema neno la amani akiwa amesimama katika nchi ya mwenyeji wake.

Sasa nataka tukae kidogo katika habari ya deni, maana ndiyo kiini cha maneno yangu. Katika mkopo wa pauni hakukuandikwa sharti la kupeleka askari Vietnam. Wilson alisema mara nyingi ya kwamba mambo hayo mawili hayakufungwa pamoja. Lakini karatasi za siri za serikali ya Marekani zilipofunguliwa baada ya miaka mingi, ilionekana ya kwamba mwezi wa Julai 1965 mshauri mkubwa wa Rais, Bwana McGeorge Bundy, alimwandikia Rais kwamba haina maana kuiokoa pauni wakati bendera ya Uingereza haipo Vietnam. Alikadiria hata bei yake. Brigedi moja ya Waingereza huko Vietnam ingekuwa na thamani ya dola milioni 1,000, siku pauni itakapokuwa katika hatari. Rais hakuweka sharti hilo. Mwezi wa Septemba 1965 Marekani ilikusanya tena nchi nyingine kuisaidia pauni, na Waingereza wakaelewa wanalotakiwa: wasishushe thamani ya pauni, wala wasiondoe majeshi yao katika nchi za mashariki ya Suez.

Basi mnaona. Sharti lililoandikwa mtu hulisoma, akalikubali au akalikataa. Lakini sharti lisiloandikwa hulala nawe kitandani. Ukitaka kusema neno, unajiuliza kwanza: je, atakasirika? Je, atadai fedha zake kesho? Wakati ule Wilson aliulizwa na watu wake kwa nini haisemi Marekani waziwazi. Alikuwa na majibu mengi, lakini watu walilitazama lile deni.

Tena tutazame rafiki wengine. Australia na New Zealand zilipeleka askari, kwa kuwa zilitaka Marekani izilinde siku za mbele. Waaustralia 500 na zaidi walikufa katika vita vile. Korea ya Kusini ilipeleka watu wengi kuliko rafiki wote, wakafika 50,000 hivi kwa wakati mmoja, na Marekani ikalipa gharama kwa fedha na silaha. Ufaransa nayo ilishika njia yake. Rais Charles de Gaulle alisema waziwazi mjini Phnom Penh, tarehe 1 Septemba 1966, kwamba Wamarekani yafaa waondoke Vietnam. Lakini de Gaulle hakuwa na deni kwa mtu. Alikuwa na dhahabu katika sanduku lake. Mtu asiyedaiwa ana sauti nzito.

Mwaka 1966 mambo mawili yalimpata Wilson kwa wakati mmoja, na sisi wafanya kazi yafaa tuyaweke pamoja. Tarehe 29 Juni ndege za Marekani zilipiga matangi ya mafuta karibu na miji ya Hanoi na Haiphong. Siku hiyo Wilson alisema hadharani kwamba Uingereza haimo katika jambo hilo. Alijitenga na mabomu yale, ingawa hakujitenga na vita vyenyewe. Wakati huo huo, tangu tarehe 16 Mei hadi tarehe 1 Julai, mabaharia wa Uingereza walikuwa katika mgomo wakidai saa za kazi zipunguzwe, na pauni ilikuwa ikiyumba tena. Tarehe 20 Julai serikali ikatangaza ya kwamba mishahara itafungwa, isipandishwe kwa miezi 6, na miezi 6 mingine ya kubana ifuate. Bwana Frank Cousins, aliyekuwa kiongozi wa chama kikubwa cha wafanya kazi wa uchukuzi kabla ya kuwa waziri, alikuwa amekwisha kuacha kazi ya uwaziri mapema mwezi ule, kwa kuwa hakukubali sheria ya kubana mishahara.

Ndugu zangu, ni nani aliyelipa deni? Si Waziri Mkuu kwa mfuko wake. Si wenye benki. Aliyelipa ni baharia, na mtu wa reli, na mama wa kiwandani, ambaye alisubiri nyongeza yake mwaka mzima. Wakubwa wakikopeshana, tuulize daima, riba yake italipwa na nani?

Sasa nafika kwenye habari itakayowapendeza watu wa reli. Mwezi wa Februari 1967 Waziri Mkuu wa Urusi, Bwana Alexei Kosygin, alizuru London. Ilikuwa wakati wa sikukuu ya Tet, mwaka mpya wa watu wa Vietnam, na pande zote zilikuwa zimesimamisha vita kwa siku chache. Wenyeviti wawili wa Geneva walikuwa wamekaa meza moja. Wilson aliona saa yake imefika. Alimpa Kosygin maneno ya mapatano aliyodhani Washington imeyakubali. Maana yake ilikuwa hivi: Marekani itasimamisha mabomu kwanza, ikijua ya kwamba baadaye Kaskazini itakomesha kupeleka askari Kusini, na Marekani haitaongeza majeshi yake.

Usiku wa Ijumaa, tarehe 10 Februari, Kosygin alikuwa anakwenda Scotland kwa treni. Hapo ndipo Washington ilipoleta maneno mapya. Sasa walitaka Kaskazini iwe imekwisha komesha kupeleka askari kabla mabomu hayajasimamishwa. Waingereza wakaandika upya barua, na mtu akakimbizwa nayo mpaka steshoni ya Euston, ikamfikia Kosygin treni ikiwa karibu kuondoka.

Ninyi mliosoma shule za misheni mnakumbuka mwalimu alivyotusumbua juu ya nyakati za kitendo. "Watakomesha" na "wamekwisha komesha". Tulidhani ni maneno ya daftari tu. Kumbe katika maneno hayo mawili imo amani, imo na vita. Neno la kwanza lilisema, mimi nianze nawe ufuate. La pili lilisema, wewe uanze, ndipo mimi nifuate. Na Wilson, aliyetoa neno la kwanza kwa heshima yake, aliaibishwa mbele ya mgeni wake. Siku ya Jumapili alipewa muda wa saa chache tu kupata jibu la Hanoi. Jibu halikuja, na tarehe 13 Februari mabomu yakaanza tena.

Sisemi kwamba amani ingepatikana siku ile. Pengine Hanoi ingekataa hata maneno ya kwanza. Lakini rafiki aliyeahidiwa kusikilizwa kwa sababu ya utiifu wake wa mdomo, siku aliyohitaji kusikilizwa, hakuambiwa hata ya kwamba maneno yamebadilika mpaka mgeni anaingia katika behewa. Gadi hana injini, lakini ana bendera nyekundu na ana breki. Dereva akizoea kwamba gadi hupunga bendera ya kijani kila mara, siku ya nyekundu hataitazama.

Mwisho wake ni mfupi. Tarehe 18 Novemba 1967 pauni ilishushwa thamani, kutoka dola 2 na senti 80 hadi dola 2 na senti 40. Miaka mitatu ya mikopo na ya kumeza maneno haikuizuia. Jambo hilo lilifika hata kwetu. Kenya, Uganda na Tanzania hazikuifuata pauni, na pauni iliyokuwa shilingi 20 ikawa shilingi 17 na senti 14 hivi, na akiba iliyowekwa kwa pauni London ikapungua. Tarehe 16 Januari 1968 Wilson alitangaza kwamba majeshi ya Uingereza yataondoka mashariki ya Suez ifikapo mwisho wa 1971, na wakubwa wa Washington walikasirika sana. Vita vyenyewe viliendelea mpaka Aprili 1975. Wamarekani zaidi ya 58,000 walikufa, na watu wa Vietnam walikufa kwa mamilioni.

Je, Wilson alifanya vibaya? Mimi nasema, katika jambo kubwa alifanya vema. Hakupeleka jeshi la vijana wa Kiingereza katika vita vile, ingawa alikuwa na deni shingoni. Hii ni habari njema kwa mtu ye yote mwenye deni: deni si pingu. Aliyekukopesha fedha hakununua mtoto wako. Lakini katika jambo la pili alikosa. Alidhani atalipa kwa maneno matamu kile alichokataa kulipa kwa askari. Wamarekani hawakuridhika, kwa kuwa mkono mtupu haulambwi. Na watu wake mwenyewe hawakuridhika, kwa kuwa walisikia ndiyo mahali walipotaka hapana. Akapoteza pande zote mbili.

Tena tusimhurumie kupita kiasi, maana yeye naye alikuwa mkopeshaji. Mwezi wa Desemba 1965 Tanzania ya Mwalimu Nyerere ilivunja ujamaa wa kibalozi na Uingereza kwa ajili ya uasi wa walowezi wa Rhodesia. Kulikuwa na mkopo wa pauni milioni 7 na nusu ulioandaliwa kwa Tanzania. Baada ya hapo Uingereza iliuzuia. Mwalimu alijua ya kwamba jambo lile laweza kumgharimu, naye alisema neno lake waziwazi. Tanzania ilikosa fedha zile, lakini hakuna aliyeuliza msimamo wake ni upi.

Basi nirudi kwetu, Bwana Mwenyekiti, kabla kengele haijalia. Mimi si mjumbe wa kamati, nami nina kura moja tu kama kila mmoja wenu. Lakini maoni yangu ni haya.

Kwanza, tuandike barua ya kuwashukuru ndugu zetu wale, na ndani yake tuseme tutalipa kiasi gani kila mwezi, na tarehe ya kumaliza. Dawa ya deni ni kulipa. Tukilipa, tutasema nao tukiwa tumesimama.

Pili, tuwaambie waziwazi kwamba hatuwezi kutia jina katika tangazo ambalo hatukuulizwa. Tusiseme "tutaona". Tusiseme ndiyo mkutanoni na hapana nyumbani. Na kama wakitualika mezani, tuyasome madai yao, pengine tutayakubali yote. Lakini tualikwe kabla ya tangazo kupigwa chapa, tusiitwe treni ikiwa imekwisha kupigwa filimbi.

Tatu, wake na watoto wao wakikosa chakula, tuwachangie, hata kama jina letu halimo. Akufaaye kwa dhiki ndiye rafiki, na wao walitufaa. Chakula hicho tusikiite malipo ya deni, wala tusikitumie kuwaziba midomo siku za mbele.

Na siku sisi tutakapokuwa wakubwa, na chama kidogo kikaja kutukopa, tuandike masharti yote katika karatasi moja, yasomwe kwa sauti mbele ya pande mbili. Lisiloandikwa humo tusilidai kamwe.

Ndugu mmoja aliniambia jana usiku, "Wewe unataka tuwapoteze rafiki." Namjibu hapa mbele yenu: rafiki wa kweli akisikia hapana yetu atakasirika siku mbili, ya tatu atakuja tuzungumze. Asipokuja, basi tulikuwa tumepoteza urafiki huo siku tulipopokea fedha, ila hatukujua.

Jumapili tuje wote, hata wa zamu ya usiku.